Nyumba Iliyooshwa Kabla ya Kuchomwa

Bibi Darya anapaka nyumba yake chokaa. Umri wa kupanda vigoda umekwisha kumpita, lakini amepanda, mkono mmoja ukutani, mwingine kwenye brashi. Siku ya wachomaji imekwisha pangwa. Serikali imeshatoa amri: kila nyumba, kila banda na kila uzio wa kisiwa hiki uwe majivu kabla maji hayajapanda. Majirani wanashangaa, maana nani hupamba kitu cha kutiwa moto? Darya hana nafasi ya mabishano. Anamaliza dari, anageukia jiko kubwa la matofali, anapiga magoti kusugua sakafu, anafuta vioo, anatundika mapazia aliyoyafua. Kisha anatoka kwenda kukata majani mabichi na matawi ya msonobari. Majani anayatandaza chini, matawi anayachomeka pembeni, na nyumba nzima inanukia sikukuu. Usiku wa mwisho analala humo peke yake, akiomba. Kulipokucha anawaambia wachomaji kazi sasa ni yao, ila ndani wasikanyage.

Aliyewahi kusimama nje ya chumba ambamo maiti anaoshwa, akasikia maji yakimwagwa na akanusa karafuu maiti, hahitaji kuelezwa Darya anafanya nini.

Filamu yenyewe ni ya Kirusi, inaitwa Proshchanie, na Kiswahili kina neno lake barabara: Buriani. Wazee wetu walipotakana buriani hawakuwa wakiagana tu, walikuwa wakiombana radhi, kwa kuwa safari ni safari na huenda wasionane tena. Neno la Kirusi nalo limetoka shina moja na neno la kusamehe. Lugha mbili zisizojuana zimefikia wazo lile lile. Na filamu hii, kwa jinsi ilivyotengenezwa, ilikuwa na watu wengi wa kutakana buriani kuliko wale wanaoonekana kwenye pazia la sinema.

Kisa kinaanzia mtoni. Katika Siberia kuna ziwa Baikal, lenye kina kirefu kuliko maziwa yote duniani, Tanganyika letu likishika nafasi ya pili. Mito zaidi ya 300 inaingia Baikal. Unaotoka ni mmoja tu, Angara. Wenyeji husimulia kwamba Angara ni binti pekee wa mzee Baikal, aliyetoroka usiku kumfuata mpenzi wake Yenisei, na kwamba baba alipozinduka alimrushia jabali kumzuia. Jabali lipo hadi leo pale mto unapoanzia, ila limebaki ncha tu juu ya maji, kwa sababu bwawa la kwanza la Angara, lile la Irkutsk la mwaka 1956, liliinua maji ya ziwa zima.

Mto wenye maji mengi, yasiyopungua sana mwaka mzima, yanayoteremka kwa karibu kilomita 1,800: mhandisi akiuona haoni binti wala mpenzi. Tangu mpango wa Lenin wa 1920 wa kusambaza umeme, Wasovieti walihesabu mabwawa kama dini nyingine zinavyohesabu mahekalu. Ujenzi wa Bratsk, bwawa la pili la Angara, ulianza 1954 katikati ya msitu. Mtambo wa kwanza ulizunguka 1961, na maji yaliendelea kujaa hadi 1967. Nguvu ya mitambo yote ni megawati 4,500, na sehemu kubwa ya umeme huo ilikwenda kuyeyusha alumini. Mshairi Yevgeny Yevtushenko aliutungia mradi huo utenzi mrefu. Vijana walitoka kila pembe ya nchi kwenda kufanya kazi kwenye baridi kali, wakilala kwenye mahema, na wengi wao hadi uzeeni walisema ile ndiyo ilikuwa miaka bora ya maisha yao. Sina sababu ya kuwakatalia.

Lakini kilomita za ujazo 169 za maji zinahitaji mahali pa kukaa. Kwa wingi huo wa maji Bratsk inakaribiana na Kariba ya kwenye mto Zambezi, nayo kama Kariba ilimeza mabonde yaliyokaliwa na watu kwa karne nyingi. Vijiji vya Angara havikuwa juu ya vilima. Vilikuwa chini, ukingoni na visiwani, penye udongo mweusi na majani ya mifugo. Maji yalipochukua vijiji yalichukua pia mashamba mazuri, watu wakapelekwa juu kwenye udongo wa msitu usiopenda nafaka.

Na kijiji hakiachwi tu kizame. Mbao zikiachwa huelea, huziba mitambo na huoza ndani ya maji. Kwa hiyo kitako cha bwawa husafishwa kwanza: miti hukatwa, nyumba huchomwa, na makaburini misalaba na nyua za mbao hung’olewa. Kwenye karatasi za ofisini shughuli hiyo ilikuwa na jina la kiafya kabisa, usafi wa eneo. Bibi anayeona msalaba wa mumewe ukirundikwa na kutiwa moto haoni usafi wowote.

Valentin Rasputin alizaliwa tarehe 15 Machi 1937 Ust-Uda, akalelewa Atalanka, vyote vijiji vya ukingoni mwa Angara. Alipokuwa kijana vyote viwili vilihamishwa kupisha maji ya Bratsk. Majina yalipelekwa juu pamoja na watu, lakini pale alipojifunza kutembea pamebaki kina cha maji. Alisoma chuo kikuu Irkutsk, akawa mwandishi wa habari, akaandika kuhusu ujenzi mkubwa wa Siberia kama wenzake wote, kisha akageukia hadithi. Katika hadithi zake wanaosimama katikati si wahandisi wala vijana mashujaa wa kazi. Ni ajuza. Bibi anayekufa taratibu huku akisubiri watoto wake wafike, bibi anayekumbuka majina ambayo hakuna mwingine aliyebaki kuyakumbuka.

Mwaka 1976 alitoa riwaya fupi aliyoiita Buriani ya Matyora. Matyora ni kisiwa cha kubuni katika Angara ya kweli, na jina lenyewe linamvuta Mrusi kuelekea neno mama. Kiangazi ni cha mwisho. Msimu ukiisha, bwawa la chini litafungwa na kisiwa kitazama. Vikongwe wanakusanyika kwa Darya kuzunguka samovari, wanakunywa chai kikombe baada ya kikombe, na mazungumzo yanarudi palepale kama ng’ombe anayerudi zizini. Nastasya na mumewe Yegor wanahamishiwa ghorofani mjini. Yegor, mzee aliyezoea kufungua mlango akakuta mto, hadumu huko, na Nastasya anarudi kisiwani mjane. Petrukha, mtu asiye na kazi, anaichoma nyumba mapema ili apate pesa ya fidia upesi, na mama yake Katerina anabaki hana pa kuweka kichwa. Pavel, mtoto wa Darya, naye ni mtu mzima mwenye mvi. Yuko katikati: mama hawezi kumwacha, amri hawezi kuipinga. Andrei, mjukuu, hana shida hiyo. Yeye anataka kwenda kulekule bwawani akajenge.

Darya anakwenda makaburini kuwauliza waliolala wamwambie la kufanya. Jibu analolisikia, kama ni sauti yao au ya kichwa chake mwenyewe, halihusu serikali wala bwawa. Wanamuuliza kama ameitayarisha nyumba. Ndipo anapotafuta chokaa. Dukani haipo tena, kila kitu kimeshahamishwa. Katika riwaya inambidi aokote mawe meupe ufukweni, ayabebe kwa ndoo na kuyachoma mwenyewe kama walivyofanya wazee wake. Hapo mtu wa mwambao atatabasamu, maana naye anajua tanuri la chokaa na moto wake wa kuunguza matumbawe.

Aliyeamua kuitia riwaya hii katika filamu alikuwa mwanamke wa Kiukraine, Larisa Shepitko. Alizaliwa Januari 1938 Artemivsk, mji ambao leo unajulikana kwa jina lake la zamani, Bakhmut, na ambao vita vya 2022 na 2023 viliuacha magofu. Akiwa na miaka 16 alikwenda Moscow kuomba nafasi chuo cha sinema, tena katika fani ya uongozaji, wakati ambapo wasichana wazuri kama yeye walitegemewa kwenda uigizaji. Alipokelewa katika darasa la Oleksandr Dovzhenko, mkongwe wa sinema ya Kiukraine, na akafundishwa naye kwa takriban mwaka mmoja na nusu. Kisha mwalimu akafa.

Hapa naomba msomaji apunguze mwendo. Dovzhenko alipofariki Novemba 1956 alikuwa ukingoni mwa kuanza kupiga filamu iliyoitwa Utenzi wa Bahari. Ilihusu nini? Bwawa la Kakhovka kwenye mto Dnieper, na wenyeji wa kijiji kimoja waliorudi nyumbani kukiaga kabla hakijafunikwa na maji. Nani aliyeimaliza? Mjane wake, Yuliya Solntseva, aliyeufuata mswada wa marehemu na kuitoa filamu mwaka 1958. Na miongoni mwa wanafunzi walioshiriki katika kazi hiyo, akaonekana mpaka ndani ya picha, alikuwamo Larisa Shepitko. Msichana wa miaka 20 alijionea jinsi kazi ya maiti inavyobebwa na mwenzake wa ndoa, na kazi yenyewe ilikuwa ya kijiji kinachozamishwa.

Watu hupenda kusimulia kwamba Shepitko alijua atakufa mapema, wakataja na waganga na ndoto. Mimi naona Kakhovka inatosha.

Alikuwa mtu wa kazi ngumu. Filamu yake ya kwanza ndefu, Joto, aliipiga kwenye nyika kavu za Kirgizia, kwenye jua lililoharibu hata tepu za filamu. Akashikwa na homa ya ini, akaendelea kuongoza akiwa amelazwa kwenye machela. Wakati huohuo aliolewa na mwanafunzi mwenzake wa chuo, Elem Klimov. Mwaka 1966 alitoa Mabawa, ambayo kwa maoni yangu ndiyo mlango wa kuingilia Buriani. Ni kisa cha Nadezhda Petrukhina, aliyekuwa rubani wa ndege za kivita na sasa ni mkuu wa chuo cha vijana katika mji mdogo. Picha yake iko makumbusho. Watoto wa shule wanaonyeshwa picha hiyo na mmoja anataka kujua kama mama huyo amekufa. Hajafa, amesimama palepale karibu yao, na hajui afanye nini na miaka iliyobaki. Maya Bulgakova aliigiza nafasi hiyo kwa namna ambayo ukimtazama anavyokula, anavyotembea barabarani, anavyokunja uso kwa swali la mwanawe wa kulea, unaona mtu ambaye maisha yake yote yako nyuma yake. Aliyeongoza alikuwa na miaka 28. Sijui vijana wangapi wa miaka 28 wanaweza kumwangalia mtu aliyepitwa na wakati bila kumcheka wala kumhurumia.

Baadaye ikaja Kupanda, filamu ya vita iliyopigwa kwenye theluji halisi na baridi halisi, iliyompatia Dubu wa Dhahabu katika tamasha la Berlin mwaka 1977. Kwa tuzo hiyo angeweza kuchagua chochote. Akachagua ajuza na kisiwa.

Kiangazi cha 1979 timu yake ilikuwa jimbo la Kalinin, ambalo leo ni Tver, magharibi mwa Urusi, mbali kabisa na Siberia. Maziwa na visiwa vya huko vingesimama badala ya Angara. Alfajiri ya tarehe 2 Julai gari lao lilikuwa kwenye barabara kuu ya kwenda Leningrad. Likagongana na lori. Shepitko alikufa palepale, pamoja na mpiga picha Vladimir Chukhnov, mbunifu wa mandhari Yuri Fomenko na wenzao wengine waliokuwa ndani ya gari. Alikuwa na miaka 41. Alimwacha mume na mtoto wa kiume wa miaka 6.

Elem Klimov alikuwa mwongozaji wa mwelekeo mwingine kabisa. Alianza na vichekesho, kile cha 1964 kuhusu kambi ya watoto yenye mkuu anayependa amri kuliko watoto kikimletea sifa na matatizo kwa pamoja. Halafu akatumia miaka mingi kwenye Agonia, filamu kuhusu Grigori Rasputin, yule mtu wa miujiza wa jumba la mfalme wa mwisho wa Urusi. Ilikamilika 1975 na ikawekwa kabatini. Warusi wenyewe hawakuiona hadi 1985. Kwa hiyo Klimov alitoka kwa Rasputin mmoja akaingia kwa Rasputin mwingine, wote wana wa Siberia, bila udugu wowote. Tena alimchukua mwigizaji yuleyule, Aleksei Petrenko, aliyekuwa Grigori mwenye macho ya kutisha, akamfanya Vorontsov, afisa wa kijiji anayesimamia uchomaji wa Matyora. Ukizitazama filamu hizo zikifuatana utacheka kidogo, lakini Petrenko anamfanya Vorontsov kuwa mtu wa kweli. Si mkatili, ni mtu aliyepewa tarehe ya kukamilisha kazi.

Moto na maji havikuwa vitu vigeni kwa Klimov. Alizaliwa Stalingrad mwaka 1933. Wakati wa vita ya 1942 mama yake alimvusha mto Volga kwenye chombo, pamoja na mdogo wake German ambaye bado alikuwa mchanga. Nyuma yao mji ulikuwa unawaka, na mafuta yaliyomwagika yaliufanya mto wenyewe uwake. Mtoto wa miaka 9 aliyeuona mto unaungua hahitaji kufundishwa namna ya kupiga picha ya kisiwa kinachoungua. Na yule mchanga aliyevushwa, German Klimov, alikua akawa mwandishi. Jina lake limo katika mswada wa Buriani, sambamba na la shemeji yake marehemu na la Rudolf Tyurin.

Kwanza Klimov alitengeneza filamu fupi ya kumbukumbu, akaiita Larisa tu. Ilitoka 1980. Kisha akaichukua Matyora. Hilo ndilo jina alilokuwa amelichagua Shepitko, jina la kisiwa. Klimov alilibadilisha likawa Buriani. Baadhi ya wahakiki waliona ameidhoofisha kazi kwa kuitia jina la jumla, lakini mimi sioni jina lingine ambalo mume yule angeweza kuandika.

Nafasi ya Darya ilishikwa na Stefaniya Stanyuta, mwigizaji wa jukwaani kutoka Minsk, aliyezaliwa 1905 na kuigiza katika tamthilia za Kibelarusi tangu ujana wake. Sura yake peke yake ni nusu ya filamu. Ni sura nyembamba, iliyokaushwa, yenye macho ya rangi ya mto, na mpiga picha Aleksei Rodionov anaisogelea bila haya. Hakuna vipodozi vya kumzeesha wala vya kumfanya kijana. Stanyuta hatumii machozi. Anapokwenda kusema na makaburi anaongea kama mtu anayeongea na jirani kupitia uzio. Kinachouma ni jinsi anavyofanya kazi: namna anavyokamua tambara, anavyosogeza ndoo kwa mguu ili asiiname mara mbili, anavyosimama katikati ya kusugua kusikiliza mgongo wake.

Kinyume na utulivu huo Klimov ameweka sauti na kelele. Filamu inaanza na watu waliovaa makoti ya mvua ya nailoni, kofia zikifunika vichwa, wanaokuja kwa mashua ndani ya ukungu kama viumbe vya dunia nyingine. Muziki wa Vyacheslav Artyomov na Alfred Schnittke unazizima chini kwa chini. Kuna sherehe ya usiku ambapo wanakijiji wanacheza na kuimba mpaka furaha inageuka kitu kingine. Kuna moto mwingi, na nadhani umezidi. Shepitko, kwa ninavyoijua Kupanda, angekaa zaidi kimya na ule uso. Klimov anataka kisiwa kilie kwa sauti. Nyakati fulani nikiitazama nahisi filamu inaongozwa na watu wawili, mmoja akitaka kunong’ona na mwingine akishindwa kujizuia. Kwa filamu nyingine hiyo ingekuwa dosari. Hapa sitaki iondolewe.

Penye mti mambo ni tofauti. Katikati ya kisiwa umesimama mti mkubwa wa jamii ya msonobari, ambao wanakijiji wanaamini ndio unaokishikilia kisiwa kisielee na kwenda na maji. Wachomaji wanatumwa kuuangusha. Wanaujaribu kwa shoka, kwa mashine, kwa moto. Klimov hana haraka hapo. Anatuonyesha gome, anatuonyesha watu wakitoka jasho na kutukana, anatuonyesha mti ukiungua nje na ukibaki umesimama ndani. Mtu anayemfahamu Dovzhenko atamwona pale, mkulima yule wa picha aliyependa kuusogelea mti au tunda mpaka ukasahau kuna hadithi.

Wengi wanaukumbuka ukungu wa mwisho. Darya na wachache waliobaki hawajaondoka kisiwani. Pavel na Vorontsov wanawafuata kwa mashua usiku, lakini ukungu umeshuka, kisiwa hakionekani, na kilichobaki ni kuita. Wanaita na kuita. Rasputin aliimaliza riwaya katika ukungu huohuo, bila kusema kama waliokolewa, na maofisa hawakuipenda kabisa namna hiyo ya kumaliza. Klimov hakuwaonea huruma. Aliuacha ukungu.

Filamu ilikuwa tayari 1981, lakini ilikalishwa hadi 1983, na hata hapo haikupewa nafasi ya kuenea sana. Sababu haikuwa ngumu kuielewa. Nchi ilikuwa bado inajenga mabwawa kwenye Angara ileile. Ust-Ilimsk, la tatu, lilikuwa limeshaanza kuzalisha umeme tangu 1974, na la nne, Boguchany, lilikuwa njiani. Mwaka 1985 Klimov alitoa Njoo Uone, filamu ya kutisha kuhusu vijiji vya Belarusi vilivyochomwa na Wajerumani pamoja na watu wake. Kijiji kinachoungua hakikumwachia. Mei 1986, mageuzi yalipoanza, watengenezaji filamu walimchagua kuwa kiongozi wa chama chao, na chini yake filamu nyingi zilizokuwa zimefungiwa makabatini zikatoka. Alipanga kazi nyingine kubwa, hazikuanza. Aliwaambia waliomuuliza kwamba hamu ya kutengeneza filamu imemtoka. Alikufa Oktoba 2003, miaka 18 baada ya filamu yake ya mwisho.

Boguchany nalo lilikwama. Dola ya Kisovieti ilivunjika, pesa zikakosekana, ukuta wa zege ukasimama miaka mingi ukisubiri. Vijiji vya juu yake vilibaki katika hali ambayo sina hakika Rasputin angeweza kuibuni: vimehukumiwa, havijanyongwa. Watu waliambiwa wahame tangu miaka ya 1980, wengine wakahama, wengine wakaendelea kupanda viazi mwaka hadi mwaka katika ardhi ambayo kwenye ramani za ofisini ilikuwa tayari ni maji. Kisha kampuni za umeme na alumini zikafufua mradi.

Kiangazi cha 2009 Rasputin, akiwa na miaka 72, aliteremka Angara kwa meli pamoja na mhakiki Valentin Kurbatov na mchapishaji wake wa Irkutsk, Gennady Sapronov, huku mwongozaji Sergei Miroshnichenko akipiga picha za filamu ya kumbukumbu aliyoiita Mto wa Maisha. Walisimama Bratsk, wakasimama Ust-Ilimsk, wakafika kwenye vijiji vinavyosubiri Boguchany. Mtu aliyeandika kisa cha Darya akiwa na miaka 39 sasa alikuwa na mvi za Darya, na waliomlaki ukingoni walikuwa vikongwe walioisoma riwaya yake, au walisikia habari zake, wakimweleza mambo ambayo yeye alikwisha kuyaandika. Katika picha zile anaongea kidogo. Anasikiliza, mikono mfukoni. Sapronov alifariki muda mfupi baada ya safari.

Kezhma, kijiji kilichoanzishwa karne ya 17, kilichomwa na kusawazishwa. Mwaka 2012 maji ya Boguchany yakaanza kupanda. Huko Dnieper mambo yaligeuka: Juni 2023 ukuta wa Kakhovka ulivunjwa wakati wa vita, mafuriko yakaua watu chini yake, na juu yake bahari ile ya Dovzhenko ikakauka. Ardhi iliyoagwa katika filamu ya 1958 ikaonekana tena kwenye jua, nyeupe, imepasuka, na katika miezi michache ikajaa miche ya mierebi.

Rasputin hakuishi kuyaona hayo. Alifariki Moscow usiku wa tarehe 14 Machi 2015. Irkutsk, kwa tofauti ya saa, ilikuwa tayari tarehe 15, siku yake ya kuzaliwa. Walimrudisha Siberia na kumzika katika uwanja wa monasteri ya Znamensky mjini Irkutsk. Ukifuata mto, kaburi liko chini ya bwawa la kwanza na mbali juu ya mahali ambapo maji yaliyotuama ya Bratsk yanaanzia. Katika kipande hicho Angara bado inakwenda.